Zulia Lililopanda Ukutani

Törmälä, Kainuu
Tarehe 4 Juni 1984

Kwa kaka yangu mpenzi Reino,

Nakusalimu kwa heshima zote anazostahili mkubwa wa nyumba yetu, na kwa upendo ambao bahari iliyo kati ya Ufini na Uswidi haijaupunguza. Ni tumaini langu kwamba barua hii itakukuta u mzima wewe, wifi yangu Gunvor na watoto, na kwamba mgongo uliokusumbua wakati wa baridi sasa umekubali kuinama. Sisi huku tu wazima kwa kiasi cha kutosha kushukuru. Barafu ya ziwa iliondoka mapema mwaka huu. Ng'ombe tumekwisha kuwapeleka malishoni, nao wakaruka kama ndama, wakajisahau kwamba ni wazee. Viazi vimo ardhini. Jirani yetu Sylvi Karppinen angali na ulimi wake wote, na anakusalimu. Halmashauri nayo imekubali kukarabati daraja la kijito baada ya ombi nililowaandikia kwa niaba ya kijiji. Walijibu kwa maneno mafupi, lakini walijibu.

Sasa naomba ruhusa ya kuingia katika jambo lililonifanya nishike kalamu. Katika barua yangu ya mwezi Machi nilikuomba uwe shahidi wangu kuhusu zulia la Oili. Ulinijibu kwa moyo wa udugu kwamba utakapokuja kwa Juhannus, sikukuu yetu ya katikati ya kiangazi, utakwenda nami kwenye makumbusho ya mjini, umkabili mkurugenzi na kumweleza kwa kinywa chako ni nani aliyelifuma. Kuhusu ahadi hiyo nina ombi jipya. Nitalieleza mwishoni, baada ya kutoa sababu zake kwa mpangilio, kwa maana ombi lisilo na sababu ni lango lisilo na uzio. Tafadhali usiruke kurasa kama ulivyozoea kufanya na barua zangu.

Sharti nianze mbali. Uliondoka kwenda Uswidi Oili akiwa msichana wa shule, kwa hiyo habari za kupanda kwake ulizisoma magazetini. Mimi niliziona zikipita jikoni kwetu. Alipokwenda Helsinki kusomea ubunifu wa jukwaa na maleba, yaani mavazi ya waigizaji, alikuwa na miaka kumi na tisa. Mimi nilikuwa na ishirini na sita, na zizi lilikuwa limekwisha kuwa langu. Hakuna aliyeniuliza kama nami ningependa kusomea kitu. Sisemi kwamba ningependa. Nasema sikuulizwa.

Mama, kama ujuavyo, alikuwa mtu wa uamsho wa kidini, na kwake ukumbi wa michezo ulikuwa nyumba ambamo watu hulipa ili wadanganywe. Siku Oili alipoondoka mimi nilikuwa zizini nikikamua. Niliporudi na ndoo nilimkuta mama kwenye kitanda cha kufumia, akifuma kana kwamba hakuna mtu aliyetoka. Hakusema neno, nami sikuuliza. Hivyo ndivyo tulivyoishi humu ndani, na hadi juzi niliona kuwa ni adabu njema.

Kazi ya kwanza ya Oili ilikuwa katika ukumbi mdogo wa mji mmoja wa pwani, ambako mtu huyohuyo mmoja alibuni jukwaa na mavazi pia, na mara nyingine alishika nyundo. Wakati wa kiangazi alikuja nyumbani na kisanduku cha ukubwa wa debe la mkate, kilichokatwa upande mmoja. Ndani yake mlikuwa na jukwaa zima: viti vya njiti za kiberiti, mti wa tawi la mreteni, pazia la kitambaa cha leso. Alikiweka juu ya meza ya kahawa na kukiwashia taa, na Sylvi akaja kutazama. Oili akamwambia, "Fumba jicho moja, Sylvi. Haya, sasa umekaa safu ya kumi." Sylvi akajibu kwamba kwa bei ya safu ya kumi angetaka kutumia macho yote mawili. Mama alichukua kikombe chake akaenda kunywea uani.

Kiangazi hichohicho nilijifunza kwamba kazi ya mdogo wetu ilikuwa pia kuharibu nguo. Alikuwa na koti jipya la mchezo fulani wa mke wa mkulima maskini. Akalisugua kwa kikwaruzo cha jibini, akalipiga kwa brashi ya waya, akalichovya katika chai na majivu, na bado hakuridhika. Mama aliyaona hayo kupitia dirishani na kusema kwamba nguo haihitaji kuzeeshwa, itazeeka yenyewe watu wakiwa na subira. Ndipo Oili alipoliona koti langu la zizini kwenye msumari. Alilishika kama mtu aliyekuta fedha njiani. "Dada, hili ndilo ninalolitafuta," akasema. "Tazama ubavu huu. Hapa ng'ombe amejiegemeza miaka na miaka. Niambie ni brashi gani ya duniani inayoweza kufanya hivi." Nilimpa. Wakati wa baridi mhakiki mmoja aliandika kwamba koti lile peke yake liliigiza vizuri kuliko nusu ya waigizaji. Koti lilirudishwa kwangu majira ya kuchipua, likiwa na kipande cha utepe kilichoshonwa kwenye kola, chenye jina la mwigizaji aliyelivaa, kama wafanyavyo ili kila mtu ajue lake. Mpaka leo nalivaa nikienda kukamua, na utepe sijautoa. Ng'ombe hawasomi.

Nitaliita jambo kwa jina lake, kaka, kwa sababu ombi lisilotaja jambo lake hurudishwa. Nilikuwa na wivu. Haukuwa wivu wa kupita, wa kuchoma na kupoa. Ulikuwa wa kukaa, kama unyevu katika ukuta wa kaskazini, ambao huwezi kuonyesha mahali unapoanzia. Kila gazeti lililomtaja Oili nilikata habari hiyo na kuihifadhi. Watu waliniona dada mwema. Mimi nilikuwa nikitafuta kama jina lake wamelikosea. Alipopewa nishani nilisugua sakafu ya nyumba nzima kwa sabuni ya msonobari, na Sylvi akasimama mlangoni akasema, "Lyyli, mdogo wako kapewa nishani kwa kuchana nguo. Wewe umezitia viraka tangu vita viishe, mbona hata sindano hawajakuletea?" Nilicheka pamoja naye. Kisha niliisugua sakafu mara ya pili.

Kiangazi cha mwaka 1968 Oili alikuja akiwa mkimya, jambo lisilo la kawaida yake. Alikuwa anabuni mchezo wa mjane anayewangoja wanawe waliokwenda vitani, na alitaka zulia la matambara kama yale yanayofumwa katika nyumba zetu, lakini refu kupita nyumba yoyote. Lianzie miguuni pa watazamaji, livuke jukwaa, lipande ukuta wa nyuma na kupotelea darini, liwe njia ambayo mjane anaitazama kila siku na haifiki mwisho. Alimwomba mama mezani, bila kuinua macho kutoka kwenye mkate wake wa hiliki. Mama alikipindua kikombe chake juu ya kisahani na kusema, "Itaonekana." Nawe unajua kwamba kwa mama "itaonekana" ilikuwa hapana iliyovaa nguo za Jumapili.

Lakini liko ambalo Oili hakulijua. Macho ya mama yalikuwa yamekwisha kuingia ukungu, na alikuwa ametukataza kumwambia mtu yeyote, Oili akiwa wa kwanza katika hao. Wageni walipokuja alikaa kwenye kitanda cha kufumia na kupapasa nyuzi nilizomtandia mimi. Kwa mwaka wa tatu sasa hakuwa amefuma hata upana wa kiganja. Mazulia yote yaliyotoka kwetu wakati huo, yakasifiwa kanisani na kwenye mnada wa akina mama kuwa kazi ya mama, Hilja Moilanen, yalikuwa kazi ya mikono hii inayokuandikia.

Majira yale ya baridi nililifuma zulia la Oili. Mama hakuniagiza wala hakunikataza. Alikaa karibu na jiko akisikia kishindo cha kitanda kutoka asubuhi hadi giza, na giza kwetu, kama ukumbukavyo, halicheleweshi. Nililitia mashati ya baba ya jeshini, gauni langu la hudhurungi la kipaimara, mapazia ya sebuleni, mashuka ya bibi. Wewe ulikuja kwa Krismasi na kuleta furushi la ovaroli zako za buluu za kiwandani zilizochakaa, nami nikazichana vitambaa na kuzipitisha katikati ya rangi za majivu, ili ule ubuluu uonekane hapa na pale kama maji katikati ya miti. Ulikaa kwenye kigoda ukala mikate yote midogo ya viazi niliyowawekea wageni, ukaniambia, "Lyyli, likifika mwezini nijulishe, nije na toroli." Ndiyo sababu nilikuomba ushahidi. Wewe ndiye mtu pekee aliye hai aliyeniona nikilifuma.

Kusudi langu halikuwa safi, na silitolei udhuru. Sikulifuma kwa ajili ya kumsaidia Oili. Nililifuma ili jina langu lichapishwe katika kijitabu kile wanachogawiwa watazamaji, ili kwa jioni moja mbele ya watu wa mjini niwe kitu kingine zaidi ya dada wa mtu.

Lilipokwisha nililishonea ndani ya gunia, nikalipeleka stesheni kwa lori la maziwa, na ndani yake sikutia neno hata moja. Hapa ndipo jambo lilipopinda, na limepinda kwa namna ambayo ni watu wa kwetu tu wanaoweza kulipinda. Kwetu anayetuma kitu kizuri na kuandika juu yake kwamba ni yeye aliyekitengeneza anaonekana amekosa haya. Nilidhani kazi itajitaja yenyewe.

Siku chache baadaye simu ililia, na mama akaipokea kwa kuwa alikuwa amekaa karibu nayo. Mimi nilikuwa kwenye jiko. Sauti ya Oili ilinifikia pale nilipokuwa, ikicheka na kulia kwa pamoja, ingawa maneno sikuyapata. Niligeuka nikangoja mama aseme, "Zungumza na Lyyli." Mama akasema, "Haya." Akasikiliza tena, kisha akasema, "Haya, basi," na kuirudisha simu mahali pake. Akanielekezea uso, akaniambia, "Maziwa yanachemka." Hayakuwa yanachemka.

Nilikwenda kwenye onyesho la kwanza kwa basi na garimoshi, peke yangu. Mwigizaji aliingia, akafika ukingoni mwa zulia, akainama, akavua viatu kabla ya kulikanyaga, kama afanyavyo mtu yeyote wa kwetu mlangoni, na ukumbi mzima ukashusha pumzi mara moja. Huo ulikuwa ubunifu wa Oili, siwezi kumnyima. Zulia lilipanda nyuma yake, likapita juu ya kichwa chake, nami niliziona ovaroli zako zikielekea darini. Nilifurahi, kaka, kwa muda wa kutosha mtu kwenda kisimani na kurudi. Taa zilipowashwa nikafungua kijitabu. Kilisema: Zulia la jukwaani, kazi ya mama wa mbunifu. Oili alinikumbatia akiwa amezungukwa na watu wenye mawaridi, akasema, "Mwambie mama limepanda hadi juu, mwambie," kisha mtu akamvuta mkono. Ningesema nini, na mama yu hai? Ningemwita mama mwongo mbele ya mwanawe? Nilimwambia mama limepanda hadi juu. Mama aliitika kwa kichwa. Vuli iliyofuata tulimzika.

Mengine unayajua. Kutokana na zulia lile Oili aliitwa Helsinki kwenye majukwaa makubwa, kisha Stockholm, kisha Ujerumani. Alivalisha wafalme viatu vya manyoya vya wakataji miti, akajenga msitu mzima kwa ngazi za kupakia nyasi, akawa mwalimu wa shule ileile aliyosomea. Na kila gazeti lilipomuuliza alikoanzia, alijibu kwamba alianzia kwenye zulia la mama yake. Miaka kumi na mitano nimeisoma sentensi hiyo ikiandikwa kwa namna mbalimbali. Niliposikia Machi kwamba makumbusho yataonyesha kazi zake zote, na mkurugenzi, Bwana Rytkönen, akanipigia simu kuomba picha ya mama akiwa kwenye kitanda cha kufumia ili itundikwe kando ya zulia, niliona kwamba kibao cha kumtaja mama kikishapigwa misumari katika jengo la serikali, mimi nitakuwa sikulifuma milele. Ndipo nilipokuandikia.

Maonyesho yalifunguliwa Jumamosi iliyopita. Nilivaa gauni la buluu iliyokoza na bruchi ya bibi. Maneno yangu nilikuwa nimeyatunga na kuyahifadhi kichwani: kwamba kwa heshima na taadhima naomba kusahihisha taarifa iliyo kwenye kibao. Maneno hayo yalikuwa mazuri. Naweza kusema hivyo kwa sababu hakuna atakayeyasikia.

Maleba yalisimama chumbani bila vichwa, malkia kando ya wachuuzi. Koti langu pia lilikuwepo, ila lilikuwa nakala iliyotengenezwa na wanafunzi wake. Walikuwa wameupata ubavu wa ng'ombe, lakini upande wa kushoto, kana kwamba kuna mtu akamuaye kutoka huko. Na mbele kabisa lilikuwepo zulia, likitoka sakafuni na kupanda ukutani hadi dari. Hakuna kamba iliyowazuia watu, na hakuna aliyeagizwa lolote. Hata hivyo kila aliyelifikia alivua viatu. Palikuwa na safu ya viatu ukingoni kama mlangoni pa nyumba yenye msiba au harusi, na Bwana Rytkönen mwenyewe alitoa hotuba yake akiwa na soksi tu. Sylvi, aliyekuja nami, alilipapasa pindo na kusema kwa sauti ya kusikika na wote, "Mkono wa marehemu Hilja huo. Pindo limenyooka kama mahubiri. Siku hizi nani anaweza? Wewe Lyyli ulijaribujaribu kidogo zamani, au siyo?"

Niliona kwamba nikisubiri hata kidogo nitapasuka. Nilimshika Oili mkono nikampeleka kwenye chumba cha kutundikia makoti, nikamwambia nina neno kuhusu kibao cha zulia. Amekuwa na mvi, kaka, na vidole vyake bado vina rangi kwenye kucha. Alikuwa na sigara mkononi ambayo hakuiwasha. Akasema, "Najua unachotaka kusema, dada." Nilidhani hatimaye amejua. Kisha akasema, "Kibao hakitoshi. Hata mimi nimewaambia hakitoshi. Lakini ningeandika nini zaidi, mbele za watu?"

Sikumwelewa, naye akaliona hilo. Akaniuliza kama mama aliwahi kunieleza walichozungumza siku alipoondoka. Nilimwambia nilikuwa zizini. Akasema, "Nilisimama pale na sanduku langu. Mama hakuacha kufuma. Akaniambia, 'Ukienda kwenye nyumba ile ya vinyago, hutapata hata uzi kutoka mikononi mwangu.' Na kweli. Wewe na Reino kila Krismasi mlipata glavu za sufu. Mimi nilipata kadi yenye picha ya kanisa." Akacheka kidogo. "Unajua nilivyokuwa nawaonea wivu? Nilikuwa naangalia mikono yenu, siyo nyuso. Nimewavalisha watu glavu katika kila mchezo wa baridi niliobuni, na hakuna hata jozi moja iliyokuwa sawa."

Nakiri kwamba mimi nilizikumbuka glavu zile, na nilikuwa nimedhani mama hamfumii Oili kwa sababu Oili ana za ngozi za mjini.

Akaendelea. Majira yale ya baridi, alisema, alikuwa amekwisha kumwarifu mwongozaji kwamba anaacha kazi. Alikuwa amepata nafasi katika duka la mapazia. Aliona kwamba amemuuza mama yake kwa mbao zilizopakwa rangi, na mbao zenyewe hazisimami. "Halafu likaja gunia," akasema. "Nikalifungua, nikatafuta barua, hakuna. Hata salamu. Basi nikajua. Nani mwingine duniani anaweza kukutumia kitu kama kile bila neno? Alisema sitapata hata uzi, akaniletea nyuzi za kufika darini. Nilipompigia simu kumshukuru akasema haya. Dada, hilo 'haya' ndilo nimeishi nalo. Ningekuwa nauza mapazia." Alipanguza macho kwa kiganja, kama anavyofanya tangu utotoni, kisha akaniuliza, "Sasa na wewe ulitaka kusema nini?"

Maneno yangu yote yalikuwa tayari, Reino. Yalikuwa yamejipanga mdomoni kwa heshima na taadhima. Nilimtazama, nikasema, "Nilitaka kusema limeingia vumbi. Wakilishusha, lilete nyumbani nilifue ziwani. Wasithubutu kulitia katika mashine."

Akasema, "Nani mwingine nitakayemwamini, dada, kama siyo wewe." Tukarudi kwa watu. Nikavua viatu vyangu, nikasimama juu yake pamoja na wengine.

Usidhani nakuandikia haya kama mtu aliyepona. Wivu wangu ungali hapa, tena umeongezewa chumba. Nilimwonea Oili wivu kwa nishani na kwa magazeti. Sasa namwonea wivu hata kwa laana ile. Mama alimpenda kiasi cha kumwekea adhabu ya miaka, ilhali mimi niliyelala ukuta mmoja naye maisha yake yote niliambiwa maziwa yanachemka. Nimefikiri pia juu ya mama kwenye simu. Naamini alitaka kumsamehe mwanawe na hakujua aanzie wapi, kwa maana alikuwa amefunga neno na macho yake yalikuwa hayawezi tena kulifungua kwa uzi. Kisha akasikia kwamba limefunguliwa. Akasema haya. Aliazima mikono yangu bila kuniomba, na nikitazama vizuri, hicho ndicho kitu pekee alichowahi kukihitaji kwangu ambacho mwanamke mwingine wa kukodiwa asingeweza kumpa.

Kwa hiyo, baada ya kuzingatia yote niliyoyaeleza hapo juu, naomba kwa heshima kuliondoa ombi langu la mwezi Machi, na mahali pake nawasilisha lifuatalo. Utakapokuja kwa Juhannus usimwendee Bwana Rytkönen. Oili atakuchukua kwenda kuliona zulia, nawe uvue viatu usimame naye. Akikuonyesha ule ubuluu na kukuuliza kama ni ovaroli zako, mwambie ni zako, kwamba ulimpelekea mama. Akikuuliza kama ulimwona mama akifuma, mwambie ulimwona. Najua wewe ni mtu usiyependa uongo. Nami siupendi. Lakini nimetafuta neno jingine tangu Jumamosi, na katika maombi yote niliyowahi kuandika sijaliona.

Msalimu sana Gunvor, umwambie kitanda cha chumba cha juu nimekitandikia mashuka mapya, na watoto waje na nguo za kuchezea, zisizohofia matope. Sauna itakuwa imewashwa, na mvuke tayari, mtakapofika. Matawi ya mbetula ya kujichapia mvukeni nitayakata mwenyewe. Sylvi anauliza kama bado unakula kuliko watu wa mazishi, nimemjibu kwamba atajionea. Mungu akulinde safarini na aulinde mgongo wako.

Jambo la mwisho. Ukimaliza kusoma, iweke barua hii katika jiko la sauna yako na uhakikishe imekwisha. Ila kabla hujaitia motoni nakuomba, kama kaka yangu, usome mara mbili mstari ulio hapa chini, kwa kuwa haujaandikwa mahali pengine popote.

Ni mimi dada yako,

Lyyli Moilanen, aliyelifuma.